Shilingi Mia Tano za Mlinzi

Kwa miaka minane, tangu 2010 hadi 2018, nilijipatia riziki kwa kuuza filamu ambazo hazikuwa zangu. Kibanda changu kilikuwa Mbagala Rangi Tatu, Dar es Salaam, hatua chache kutoka kituo cha daladala, na ukutani fundi wa rangi alikuwa ameniandikia kwa herufi nyekundu: RAHA TELE MUVI. Ndani mlikuwa na kompyuta mbili, mashine ya kuchomea diski saba kwa mpigo, feni iliyopiga kelele kuliko ilivyopuliza, benchi la wateja, na daftari la kaunta ambalo nililijaza kila siku bila kukosa, kwa kuwa marehemu baba, aliyekuwa karani wa ghala, hakuchoka kuniambia kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Niliandika jina la filamu, idadi ya nakala na fedha iliyoingia. Daftari hilo ninalo hadi leo, na hesabu nitakazozitaja hapa zinatoka humo.

Kabla ya kibanda lilikuwapo tundu. Nilikulia Morogoro, na mwishoni mwa miaka ya 1990 mtaani kwetu palikuwa na banda la video lililozungushiwa magunia, lenye televisheni moja ya chogo, deki moja ya kanda na jenereta iliyofungwa nyuma ili moshi usiwaingie watazamaji. Kiingilio kilikuwa shilingi 50. Mama alikuwa akiuza maandazi, na shilingi 50 kwake haikuwa fedha ya kumpa mtoto akaangalie Wachina wakipigana. Kwa hiyo mimi na wenzangu tulitafuta tundu kwenye gunia. Tundu langu lilikuwa pembeni, likinionyesha nusu ya kushoto tu ya kioo. Steringi akiruka kutoka kushoto kwenda kulia nilimwona akipaa, lakini kichapo chenyewe sikukiona. Nusu iliyobaki nilipewa na sauti ya Lufufu, yule mfasiri aliyekuwa akiyageuza maneno ya wageni kuwa Kiswahili cha mtaani na kuongeza yake mwenyewe pale alipoona mtunzi amebana maneno. Mwenye banda akija na fimbo, tulitimka huku tukibishana iwapo adui amekwisha kufa. Usiku nililala nikiimalizia filamu ile kichwani, na kwa kweli sijui kama nimewahi kuifurahia sinema nyingine yoyote kiasi hicho.

Nilipofungua kibanda, tundu lile ndilo lililokuwa hoja yangu kuu. Nilijiambia kwamba ninawafungulia watu gunia zima. Wateja wangu walikuwa walinzi wa usiku, makonda, mama lishe, mafundi cherehani na wanafunzi waliochanga shilingi mia mia. Jumba la sinema lililokuwa likizungumzwa mjini wakati huo lilikuwa Mlimani City, na mtu wa Mbagala aliyetaka kwenda huko na mkewe alihitaji nauli ya kwenda na kurudi, tiketi mbili, na ujasiri wa kuingia mahali ambapo hata bisi zilikuwa na bei ya mlo wa familia. Mimi nilimwekea filamu kwenye flashi kwa shilingi 500, akaenda kuiangalia na mkewe, watoto, shemeji na majirani wawili. Mama mmoja aliyefiwa na mumewe alikuwa akija kila Ijumaa kuchukua tamthilia ya Kifilipino, na aliniambia kwamba hiyo ndiyo inayomvusha usiku. Anayeniambia kwamba furaha ya mama yule ilikuwa ya uongo kwa sababu nakala ilikuwa ya wizi, sitamkubalia hadi leo. Ilikuwa furaha ya kweli, na kosa langu lilikuwa kudhani kwamba ukweli wa furaha yake ulinilipia deni langu kwa mtu mwingine.

Deni kwa nani? Hapo ndipo sisi wauza muvi tulipokuwa na jibu la haraka. Kila Jumanne nilikwenda Kariakoo kujaza diski kwa muuzaji wa jumla, na pale kwenye ngazi ambako tulipanga foleni tukisubiri, falsafa yetu ilikuwa moja: Mmarekani ni tajiri, Mhindi ni tajiri, hawajui hata kama Mbagala ipo, na hakuna anayeweza kumwibia mtu asichojua kwamba kimepotea. Sheria haikuwa na msamaha huo. Tanzania ilijiunga na Mkataba wa Berne mwaka 1994, na kwa mkataba huo kazi ya mgeni inapewa ulinzi kama kazi ya mwenyeji. Kisha ikatungwa Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, ambayo ndiyo iliyokizaa Chama cha Hakimiliki Tanzania, yaani COSOTA. Tulilijua jina la COSOTA kama watoto wanavyolijua jina la zimwi. Ikisikika kwamba wakaguzi wameonekana Tandika, sisi wa Rangi Tatu tulishusha shata na kwenda kunywa kahawa.

Kilichonichekesha, na sasa kinanifedhehesha kidogo, ni kwamba ndani ya biashara ile ya kuchukua vya watu tulikuwa na maadili makali. Wafasiri waliotuuzia filamu zilizotiwa sauti ya Kiswahili waliingiza majina yao na namba zao za simu katikati ya filamu, wakionya kwamba atakayeinakili bila kuinunua kwao ni mwizi. Mmoja wao alinijia juu siku moja kwa sababu nilimpa mwenzangu wa Zakhem nakala za filamu zake kumi. Alisema, huku mishipa ya shingo imemsimama, kwamba amekesha usiku mzima akitafsiri na kwamba jasho la mtu haliliwi. Nilimwomba radhi kwa dhati. Hakuna hata mmoja wetu aliyewataja waliokesha kuitengeneza filamu yenyewe.

Hoja ya Mmarekani tajiri ilikuja kunivunjikia mahali ambapo sikupatarajia, yaani kwenye bei. Filamu ya Kitanzania, iliyotolewa kihalali na msambazaji, ilikuja katika kava lake, na kuanzia mwaka 2013 Serikali ilipoanza kutumia stempu za kodi kwenye bidhaa za muziki na filamu, ilitakiwa kubandikwa stempu pia. Niliiuza kwa shilingi 3,000, wakati mwingine 2,500 kwa mteja niliyemzoea. Pembeni yake, kwenye kaunta hiyohiyo, nilikuwa na diski za filamu za nje ambazo tuliziita ishirini kwa moja: diski moja, filamu ishirini, haina stempu, haina mwenyewe, shilingi 2,000. Mteja aliyekuwa na noti mbili za elfu moja mkononi alizitazama zote mbili. Alitaka kumwona mtu anayezungumza kama yeye, anayeishi katika nyumba kama yake na kugombana na mama mkwe kama wake. Lakini watoto walikuwa wengi na Jumapili ilikuwa ndefu, akachukua ishirini kwa moja. Kila nilipomwibia mgeni aliyekuwa mbali, aliyekosa chakula alikuwa jirani. Yule wa Los Angeles pengine hakupoteza kitu, maana mteja wangu asingeinunua filamu yake kwa bei halali hata siku moja. Ila mtayarishaji wa Sinza au Kinondoni hakuwa akishindana na filamu za kigeni. Alikuwa akishindana na bure, na hakuna fundi anayeweza kupunguza bei hadi akaishinda bure.

Aprili 2017, wakati baadhi ya waigizaji wetu walipoandamana Kariakoo kupinga uuzaji wa filamu za nje zisizolipiwa kodi, watu wengi waliwacheka na kuwaambia waboreshe kazi zao kwanza. Mimi nilikuwa miongoni mwa waliocheka, kwa sauti, kibandani, mbele ya wateja. Maneno ya kuboresha kazi hayakuwa ya uongo. Taa zilikuwa mbaya, sauti ilipotea upepo ukivuma, na hadithi moja iligawanywa sehemu ya kwanza na ya pili ili mnunuzi alipe mara mbili. Hata hivyo, nilikuwa na daftari mbele yangu na nilijua kwa tarakimu ni fedha kiasi gani za kuboreshea kazi hizo zilikuwa zimeingia mfukoni mwangu.

Wiki iliyonipa faida kubwa kuliko zote ninaikumbuka kwa tarehe zake. Mwigizaji Steven Kanumba alifariki alfajiri ya Jumamosi tarehe 7 Aprili 2012, akiwa na umri wa miaka 28, na kesho yake ilikuwa Pasaka. Habari zilipofika Rangi Tatu watu walianza kuja kabla sijafungua. Hawakuniuliza filamu mpya. Walitaka zake zote, za zamani na za karibuni, na wengine walilia huku wakihesabu chenji. Msambazaji hakuwa na diski za kutosha, au labda mimi sikutaka kusubiri foleni yake, nikawasha mashine ya diski saba na kuchoma usiku na mchana. Siku ya Jumanne, umati ulipokuwa Leaders Club ukimuaga kabla ya maziko ya Kinondoni, nilikuwa na televisheni imewashwa matangazo ya mazishi huku mikono yangu ikichapa kava kwa printa ya wino. Nilimpenda yule kijana kama kila mtu alivyompenda. Mke wangu aliingia na chai, akatazama televisheni, akatazama rundo la diski, akasema, «Baba Nasra, hivi sisi tumefiwa au tumepata mzigo?» Nilimjibu kwamba biashara ni biashara. Hakuongeza neno, na alipoondoka hakuichukua fedha ya matumizi niliyoiweka mezani.

Tangu hapo aliniuliza mara mbili iwapo riziki ile ilikuwa halali, na mara zote mbili nilimpa jibu la banda la magunia: watoto wa maskini nao wana haki ya kufurahi. Alisema haki ya kufurahi anaikubali, ila haoni kwa nini mimi ndiye niwe mkusanya ushuru wake.

Sasa nifike kwa mzee tuliyemwita Mlinzi. Alikuwa jirani yetu wa nyumba ya tatu, mtu mzima mwenye mvi, fundi wa kushona viatu, na jina hilo alilipata kwa sababu aliwahi kuigiza mlinzi katika filamu moja ya Kitanzania iliyopendwa sana Mbagala. Katika filamu hiyo anafungua geti, anamwambia steringi «Bosi hayupo», kisha usiku wanakuja majambazi wanampiga rungu anaanguka. Jumla haifiki dakika tatu. Lakini alianguka vizuri mno, na watoto wa mtaa walikuwa wakimwomba aanguke tena.

Siku moja ya mwaka 2015 aliingia kibandani, nikampa shikamoo, akaitikia na kutoa flashi iliyofungwa kwenye karatasi ya nailoni. Alisema wajukuu wake kutoka Lindi wamekuja, hawajawahi kumwona kwenye filamu, naye hakuwahi kupewa nakala. Nikaiweka. Akauliza bei, nikasema mia tano kwa mazoea, kabla akili haijaufikia ulimi. Akatoa sarafu, nikaipokea, nikaandika kwenye daftari. Ni hapo, wakati wa kuandika, nilipopata wazo la kuihesabu mistari ya filamu ile kuanzia mwanzo. Ilikuwa nakala ya 212. Mara 212 kwa shilingi 500 ni shilingi 106,000, na katika hizo alikuwamo yeye mwenyewe aliyenilipa ili ajione.

Nilimuuliza alilipwa kiasi gani. Alisema shilingi 20,000 na wali maharage kwa siku mbili za kupiga picha, na kwamba mtayarishaji naye hakufika mbali, kwani aliiuza filamu moja kwa moja kwa msambazaji, haki zote, fedha mkononi, kisha akabaki akiiona ikipita mitaani kama mtu anayemwona mke aliyemwacha. Alisema hivyo bila uchungu. Nilitamani sana wakati ule kujificha nyuma ya msambazaji yule, maana hakika wanyonyaji walikuwa zaidi ya mmoja, na mkataba wa kuuza kila kitu kwa bei ya mara moja uliwaumiza wasanii pengine kuliko mashine yangu ya diski saba. Lakini dhambi ya mwenzangu haikuwa imeandikwa katika daftari langu. Zangu ndizo zilizokuwa pale, kwa wino wa buluu.

Wala nisiwadanganye kwamba nilifunga duka kesho yake. Niliendelea kwa miaka mitatu zaidi. Kilichobadilika ni kwamba nilianza kuichunguza furaha yangu mwenyewe, na nikakuta haipo. Nilikuwa na diski mbili kubwa za kompyuta zenye filamu zaidi ya 4,000. Nilipiga hesabu siku moja kwamba nikiangalia moja kila usiku, bila kuumwa wala kusafiri, nitamaliza baada ya takriban miaka 11. Badala ya kuangalia, nilikuwa nikizikusanya. Usiku nilitumia bando la bei nafuu kupakua nyingine, na asubuhi nilifurahi kuona zimefika kama mtu anayefurahi kuona mahindi ghalani, lakini mahindi haya hayakusagwa. Nikijaribu kuangalia, dakika ya kumi nilikuwa nimekwisha kurusha mbele ili nione mwisho, na nikishaona mwisho nilifungua nyingine. Mtoto aliyetimuliwa kwa fimbo akiwa na nusu ya kioo alikuwa na filamu nzima. Mimi nilikuwa na filamu 4,000 na sikuwa na hata nusu. Binti yangu alinizoea hivyo, hata akawa hakai tena nami kuangalia kitu, kwa kuwa alisema baba haruhusu hadithi iende.

Mwaka 2018 diski kubwa zaidi ilianza kutoa mlio wa saa iliyoharibika, kisha ikanyamaza. Niliipeleka kwa fundi mmoja Kariakoo, kijana mpole, na kila aliyekuwa mbele yangu alikuwa na kilio chake: mpiga picha aliyepoteza harusi ya watu, mwanafunzi na utafiti wake, mchungaji na kwaya yake. Fundi aliniambia gharama ya kuzitoa data ni shilingi 350,000, kisha akauliza kilichomo ili ajue aanze na lipi. Nikasema filamu. Akainua macho kwa heshima na kuniuliza, «Ulizitengeneza wewe, kaka?» Nikasema hapana. Akaniomba nimtajie basi kumi za muhimu zaidi. Nilitaja mbili. Nilisimama pale nikijaribu kuikumbuka ya tatu hadi mpiga picha wa harusi akaniomba nimpishe.

Sikuirudia ile diski. Na kwa sababu nimeahidi kusema kweli, niseme pia kwamba biashara yenyewe ilikuwa inakufa: simu zilikuwa zimeingia kila mfuko, Netflix ilikuwa imefunguliwa huku kwetu tangu Januari 2016 kwa wenye uwezo, wasio na uwezo walikuwa wakirushiana filamu kwenye simu bila kupitia kwangu, na visimbuzi vya Azam vilikuwa vikionyesha filamu za nyumbani kutwa nzima kwenye Sinema Zetu. Dhamiri na hasara vilinifikia kwa pamoja, na siwezi kuapa ni kipi kilichotangulia mlangoni. Niliuza kompyuta, nikajifunza kufunga madishi, na sasa napanda mapaa ya watu kwa ujira ninaoujua mwanzo na mwisho wake.

Kabla ya kuhama kibanda nilimwendea Mlinzi nikiwa na shilingi 106,000 katika bahasha. Nilimweleza zilikotoka, nikamwonyesha na daftari. Alivaa miwani, akasoma mistari kwa kidole, akafika kwenye mstari wa 212 na kucheka hadi akakohoa.

«Hizi si zangu mimi, mwanangu,» alisema. «Mimi nilishalipwa, nikala na wali. Katafute mwenyewe.»

Nilimwambia kwamba mtayarishaji alikwisha kuhama na msambazaji alikwisha kufunga.

«Basi una kazi,» alisema. Akafungua bahasha, akatafuta noti ndogo kuliko zote asiipate, akanirudishia na kunyoosha kiganja. «Nipe mia tano yangu.»

Nikampa sarafu kutoka mfukoni. Aliitia kwenye kopo la misumari, kisha akaniuliza kama bado ninayo ile filamu, kwa kuwa flashi ilipotea na kuna mjukuu mwingine amefika ambaye hajaiona. Ilikuwa kwenye diski iliyokufa. Nilipomwambia hivyo alinyamaza kidogo, akaweka kando kiatu alichokuwa akikishona, akamwita mtoto na kumwambia akae chini karibu nami. Alinyanyuka, akashika geti ambalo halikuwapo, akalivuta taratibu kama zito, akatutazama sote wawili na kusema kwa sauti ya usingizi, «Bosi hayupo.» Mtoto aliangalia nyuma yake kumtafuta bosi. Mlinzi akageuka upande ambako majambazi wangetokea, na mimi, ambaye nilikwisha kuiuza mara 212, nikagundua kwamba sikumbuki rungu linaingia kutoka upande gani.